UZI: Kutoka tauni ya 1348 hadi sheria ya 1875, jinsi England ilivyomfunga jela mtu aliyeacha kazi

Bandiko la 1: Mleta mada

Wanajamvi, salaam.

Katika mijadala ya historia ya uchumi, England hutajwa mara kwa mara kuwa nchi ambayo wafanyakazi wake walipata uhuru mapema kuliko wenzao wengi wa Ulaya, na uhuru huo huhesabiwa miongoni mwa sababu za viwanda kuanzia kule. Nimeifuatilia historia hii kwa miaka kadhaa, na kadiri ninavyoisoma ndivyo ninavyoona kwamba maelezo hayo yanaruka jambo kubwa. Kwa zaidi ya miaka 500, kuanzia 1349 hadi 1875, Mwingereza wa kawaida aliyeacha kazi kabla ya muda wa mapatano kwisha hakuwa na deni tu kwa aliyemwajiri, bali alikuwa mkosaji ambaye angeweza kukamatwa, kufikishwa mbele ya hakimu na kutiwa ndani. Utajiri wa sufu, makaa ya mawe na pamba ulijengwa sheria hiyo ikiwa hai. Naomba tuifuatilie tangu mwanzo wake, kwa sababu ilifika hadi kwetu.

Tuanze na kijiji cha England cha miaka ya 1200 na kitu. Ardhi ilikuwa ya kabaila, naye aliipata kutoka kwa mfalme au kwa kabaila mkubwa zaidi yake. Mkulima wa kawaida alikuwa mtwana. Hakuuzwa sokoni kama mtumwa, lakini hakuruhusiwa kuhama bila idhini ya bwana wake. Alilima vishamba vyake vyembamba vilivyotawanyika katika mashamba makubwa ya wazi, na kwa malipo ya ardhi hiyo alimlimia kabaila siku mbili au tatu kila wiki, na zaidi wakati wa mavuno. Alisaga nafaka katika kinu cha kabaila na kulipia. Akimwoza binti yake, alilipa. Akifa, mnyama bora zaidi wa zizi lake alichukuliwa na bwana kabla warithi hawajagawana kitu. Wajibu wote huo uliandikwa katika vitabu vya mahakama ya kabaila, na ninaomba msomaji aviweke akilini vitabu hivyo, maana tutavikuta vikichomwa moto.

Kufikia mwaka 1300 watu walikuwa wengi na ardhi ilikuwa imekwisha. Mvua zisizokoma za 1315 hadi 1317 zilioza mazao mashambani, na njaa ikaua maelfu kwa maelfu. Kisha, katikati ya mwaka 1348, tauni ikaingia kupitia bandari ndogo ya Melcombe Regis katika pwani ya Dorset, ikafika London kabla ya mwaka kwisha, na mwishoni mwa 1349 ilikuwa imezoa kati ya theluthi moja na nusu ya watu wote wa nchi.

Waliobaki walijikuta na kitu ambacho wazazi wao hawakuwahi kuwa nacho, nacho ni uwezo wa kukataa. Mashamba yalikuwa yale yale, mikono ilikuwa nusu. Mvunaji aliyezoea kupewa peni mbili kwa siku angeweza kutaja bei yake, na akikataliwa hapa, kabaila wa kijiji cha pili alikuwa tayari kumpokea bila kuuliza ametoka wapi.

Serikali ya Mfalme Edward III haikusubiri tauni iishe. Mwezi Juni 1349, watu wakiwa bado wanazikwa, ilitoa amri kwamba kila mtu mwenye nguvu aliye chini ya miaka 60, mwanamume au mwanamke, mtwana au huru, asiye na ardhi ya kutosha wala ufundi wa kumlisha, alazimike kumtumikia yeyote atakayemtaka, kwa mshahara uliokuwa ukilipwa kabla ya tauni. Anayeondoka kabla ya muda aende kifungoni. Mwaka 1351 Bunge likaikaza amri hiyo kwa kutaja bei za kazi moja moja: mvunaji peni 2 kwa siku katika juma la kwanza la Agosti, peni 3 baadaye, fundi seremala mkuu peni 3, mwenzake peni 2. Vibarua wa mashamba waapishwe mara mbili kwa mwaka kwamba wataitii sheria, na kila kijiji kitengeneze mikatale ya kuwabana miguu watakaokataa.

Waliopewa kazi ya kuisimamia sheria hiyo walikuwa wenye ardhi wenyewe. Mdai, hakimu na mnufaika walitoka meza moja. Hali hiyo tutaikuta tena miaka 500 baadaye.

Mwaka 1363 Bunge lilikwenda hadi kwenye nguo. Wachunga ng'ombe, waendesha plau na vibarua wenzao waliagizwa wavae kitambaa duni cha peni 12 tu. Sheria ya nguo ilifutwa haraka, lakini kutungwa kwake kunatuambia kilichokuwa kikitokea vijijini: watu wa chini walikuwa wameanza kuvaa na kula vizuri, na wakubwa hawakupenda kukiona.

Bandiko la 2: Mleta mada

Naendelea na mwaka 1381, kwa sababu hapo ndipo watu wenyewe walipoijibu sheria.

Serikali ilihitaji fedha za vita vyake na Ufaransa, ikatoza kodi ya kichwa mara tatu katika miaka minne. Ya kwanza, mwaka 1377, ilikuwa peni 4. Ya tatu ilikuwa peni 12 kwa kila mtu aliyezidi umri wa miaka 15, tajiri kwa maskini. Watu wakaficha majina ya dada na mama zao wajane ili familia isilemewe, na hesabu ya walipakodi ikaporomoka kiasi kwamba serikali ikatuma wakaguzi. Tarehe 30 Mei 1381 wakaguzi walipofika Brentwood, Essex, walifukuzwa. Katika wiki mbili Essex na Kent zilikuwa zimesimama, na tarehe 13 Juni waasi wakaingia London baada ya wenyeji kuwafungulia njia.

Waliyoyafanya yana mpangilio kuliko wanavyosimuliwa. Waliteketeza kasri la Savoy la John wa Gaunt, ami yake mfalme, na kumkata kichwa Askofu Mkuu Sudbury, ambaye pia alikuwa waziri mkubwa wa serikali. Vijijini walivitafuta vile vitabu vya mahakama za kabaila na kuvichoma, kwa kuwa utwana wao uliishi katika karatasi hizo. John Ball, padri aliyekuwa ametolewa gerezani, aliwahubiria kwa swali ambalo limebaki hadi leo: Adamu alipolima na Hawa aliposokota, nani basi alikuwa bwana?

Tarehe 14 Juni, pale Mile End, mfalme Richard II, kijana wa miaka 14, alikutana nao ana kwa ana. Waliomba utwana ufutwe, ardhi ikodishwe kwa peni 4 kwa ekari, na mtu asimtumikie mwingine isipokuwa kwa hiari yake na kwa mapatano. Ombi hilo la tatu ndilo linalohusu uzi huu moja kwa moja, kwa maana lilikuwa linaikana sheria ya 1351 yote. Mfalme alikubali, na makarani wakaandika hati za uhuru. Kesho yake, pale Smithfield, kiongozi wao Wat Tyler aliuawa mbele ya mfalme. Mwezi Julai hati zikafutwa na John Ball akanyongwa huko St Albans.

Mwaka 1388 Bunge lililokutana Cambridge liliongeza kitu kipya: mtumishi au kibarua asitoke katika eneo lake bila barua yenye muhuri wa mfalme, ikieleza sababu ya safari na siku ya kurudi. Asiye na barua aingizwe kwenye mikatale. Msomaji wa Afrika Mashariki anaweza kuwa ameshalikumbuka jina lake la huku kwetu: kipande.

Bandiko la 3: Mchangiaji

Mkuu, nashukuru kwa mada nzito. Nina swali. Ikiwa waasi walishindwa mwaka 1381 na sheria ikakazwa mwaka 1388, utwana ulikufaje England wakati vitabu vinasema ulikuwa umekwisha karne mbili baadaye? Na ikiwa wafanyakazi walikuwa wachache, sheria iliwezaje kweli kuwazuia?

Bandiko la 4: Mleta mada

Ndugu, swali lako ni zuri na jibu lake lina pande mbili.

Kwa upande wa mishahara, sheria ilishindwa. Makabaila walitunga sheria wakiwa pamoja bungeni, kisha kila mmoja akaivunja akiwa peke yake shambani, kwa kuwa ngano iliyoiva haimsubiri hakimu. Walilipa zaidi, au walilipa kiwango cha sheria na kuongeza chakula, bia na nguo. Tauni ilirudi mara kwa mara, kuanzia 1361, na idadi ya watu haikupanda kwa zaidi ya karne moja. Kwa hesabu za wanahistoria wengi wa uchumi, kile ambacho mshahara wa fundi ujenzi wa karne ya 15 uliweza kununua hakikufikiwa tena kwa uthabiti hadi karne ya 19.

Utwana nao ulikufa kwa kukimbiwa. Haukufutwa kwa sheria moja. Kabaila aliyemng'ang'ania mtwana alimkosa asubuhi. Aliyetaka kubaki na mkulima alimkodisha ardhi kwa fedha, bila siku za kulimiwa. Mkulima akapewa nakala ya maandishi ya kitabu cha mahakama kuwa ushahidi wa haki yake, na wapangaji wa namna hiyo wakajulikana kwa jina la nakala hiyo. Kitabu kile kile kilichochomwa kama kamba ya shingoni kikawa hati ya shamba.

Hapo ndipo tatizo jipya lilipozaliwa. Kabaila aliyekosa vibarua aligundua kwamba kondoo 500 wanahitaji mchungaji mmoja na mbwa. Sufu ya England ilikuwa ikitakiwa na wafumaji wa Flanders na Italia, na baadaye na wafumaji wa England yenyewe. Hata leo spika wa Baraza la Mabwana huketi juu ya mto uliojazwa sufu, desturi inayohusishwa na enzi za Edward III. Basi mashamba ya wazi yakazungushiwa ua, malisho ya pamoja yakageuzwa ya mtu mmoja, na katika sehemu nyingine kijiji kizima kikaondolewa. Wharram Percy, huko Yorkshire, familia za mwisho ziliondoshwa karibu na mwaka 1500, na leo kuna kanisa lililobomoka lililozungukwa na majani, na mistari ya misingi ya nyumba inayoonekana vizuri zaidi jua linapokuwa chini.

Wakuu wa nchi waliiona hatari. Mwaka 1489 Bunge lilikwishatunga sheria ya kuzuia ubomoaji wa nyumba za wakulima, lakini walioagizwa kuisimamia ndio waliokuwa na kondoo. Mwaka 1549 watu wa Norfolk waliamua kuing'oa miti ya nyua kwa mikono yao. Walipofika katika shamba la Robert Kett, mwenye ardhi na mali, alikubaliana nao, akaung'oa ua wake mwenyewe na kuwa kiongozi wao. Watu wapatao 16,000 walipiga kambi kwenye uwanda wa Mousehold nje ya Norwich, wakaendesha mahakama chini ya mti wa mwaloni, na kuandika madai yao kwa utaratibu. Mojawapo lilikuwa kwamba watu wote waliofungwa katika utwana wawekwe huru. Walishindwa vitani mwezi Agosti, na Desemba Kett alinyongwa kwenye ukuta wa ngome ya Norwich. Binafsi namheshimu mtu huyu kuliko wafalme wote wa karne ile, kwa kuwa hakuna kilichomlazimisha kung'oa ua wake.

Wakati huo huo, kati ya 1536 na 1540, Henry VIII alikuwa amezifunga nyumba za watawa zipatazo 800, na sadaka zilizokuwa zikitolewa katika milango yao zikakoma. Idadi ya watu nayo ilianza kupanda tena. Barabara zikajaa watu wasio na ardhi wala kazi, na jibu la kwanza la Bunge lilikuwa la kutisha: sheria ya 1547 iliruhusu mzururaji apigwe chapa ya moto kifuani na kufanywa mtumwa kwa miaka miwili. Ilikuwa ya kikatili mno hata haikuweza kutekelezwa, ikafutwa baada ya miaka michache.

Jibu la kudumu lilikuja mwaka 1563, chini ya Elizabeth I. Mahakimu wa wilaya wakapewa mamlaka ya kupanga kila mwaka viwango ambavyo mishahara isivizidi. Mtu asiye na mali wala ufundi, kuanzia miaka 12 hadi 60, aliweza kulazimishwa kufanya kazi ya shamba kwa mwaka mzima. Kuanzia katikati ya Machi hadi katikati ya Septemba kazi ilianza saa 11 alfajiri na kuendelea hadi kati ya saa 1 na saa 2 usiku, na muda wa kula na kupumzika usizidi saa mbili na nusu kwa siku. Mtumishi hakuweza kuondoka kabla ya mwaka kwisha, na hata ukiisha, hakuajiriwa kwingine bila cheti cha kuonyesha kwamba ameachiwa kihalali. Aliyekamatwa na cheti cha kughushi alichapwa viboko.

Vijana wa vijijini waliishi kwa mzunguko wa mwaka huo. Katika majira ya kupukutika majani, mji wa soko ulikuwa na gulio la kuajiri, ambako mchungaji alisimama ameshika kishungi cha sufu na mwendesha mkokoteni kipande cha kamba ya mjeledi, ili wenye mashamba wajue nani anafanya nini. Walipoelewana, mwajiri alimpa arubuni, sarafu ndogo mkononi. Akiipokea tu, amefungwa mwaka mzima.

Bandiko la 5: Mchangiaji mwingine

Mleta mada, naomba nipingane nawe kwa heshima. Umeeleza ukali peke yake. England hiyo hiyo ndiyo iliyotunga sheria ya 1601 ya kuwalisha maskini kwa kodi, jambo ambalo nchi nyingi hazikuwa nalo. Je, si haki kulitaja?

Bandiko la 6: Mleta mada

Ni haki kabisa, na nakubali kwamba nililiruka mapema mno.

Sheria ya 1601 iliagiza kila parokia iteue wasimamizi wa maskini, itoze kodi wenye ardhi na nyumba, iwape chakula wazee na wagonjwa, iwatafutie kazi wenye nguvu, na iwaweke watoto yatima kwa mafundi. Hii haikuwa sadaka ya hiari. Mwenye nyumba aliyekataa kulipa alinyang'anywa mali. Ninaamini kwamba utaratibu huo ni sehemu ya sababu iliyofanya njaa kubwa za kuua watu zitoweke England baada ya miaka ya 1620, wakati Ufaransa iliendelea kuzikwa na njaa hadi mwanzoni mwa karne ya 18. Nguvu ya masoko na kilimo pia ilihusika, lakini mjane wa kijijini aliyekuwa na uhakika wa posho ya wiki hakuhitaji kuuza sufuria yake mwaka wa bei mbaya.

Ila tazama masharti. Parokia ilimlisha wake tu. Sheria ya 1662 iliruhusu mgeni aliyepanga nyumba ya chini ya pauni 10 kwa mwaka arudishwe kwao ndani ya siku 40 za kufika, kwa hofu tu kwamba huenda akaja kuwa mzigo. Mwanamke mjamzito asiye na mume alihamishwa kwa haraka kuliko wote, wakati mwingine akiwa na uchungu, kwa sababu mtoto angehesabiwa wa mahali alipozaliwa. Msaada ulikuwa wa kweli, na ulimfunga mtu mahali pamoja kama vile cheti cha 1563.

Mwaka 1795, mkate ulipopanda bei wakati wa vita na Ufaransa, mahakimu wa Berkshire walikutana Speenhamland na kuamua kwamba mshahara usipotosha, parokia ijazie kulingana na bei ya mkate: mkate mkubwa ukifika shilingi 1, mwanamume awe na shilingi 3 kwa wiki, na mkewe na watoto waongezewe. Walikuwa na njia mbadala, yaani kuitumia sheria ya 1563 kupanga mishahara yenyewe upya. Hawakuichagua. Mwenye shamba akawa na uhuru wa kulipa kidogo, akijua kodi ya wengine itaziba pengo.

Bandiko la 7: Mleta mada

Sasa tuingie karne ya 18 na 19, ambako ninaona moyo wa mada yote.

Uzungushaji ua ulirudi, safari hii kwa mkono wa Bunge lenyewe. Sheria zaidi ya 5,000, nyingi zikiwa za kati ya 1760 na 1830, ziligawa takribani ekari milioni 6.8, ambazo ni kama moja ya tano ya ardhi ya England. Ridhaa iliyotakiwa ilipimwa kwa thamani ya ardhi, si kwa vichwa vya watu, hivyo mabwana watatu wangeweza kuwashinda wanakijiji mia moja. Mwenye ng'ombe mmoja aliyemlisha kwenye malisho ya pamoja kwa desturi, bila karatasi, hakupata kitu. Mwenye karatasi alipata kipande kidogo na deni la gharama za uzio, akakiuza. Mavuno yaliongezeka, hilo silikatai. Lakini ng'ombe yule, kuni zile na mabaki ya mavuno yale ndivyo vilivyompa kibarua uwezo wa kusema hapana kwa siku chache, na vilipoondoka alibaki na mshahara peke yake. Anayetaka kuona mashamba ya wazi yalivyokuwa aende Laxton, Nottinghamshire, ambako bado yanalimwa.

Mwaka 1771 Richard Arkwright alijenga kiwanda chake cha kusokota pamba huko Cromford kwa nguvu ya maji, na katika miaka 80 Manchester ikawa mji wa watu zaidi ya 300,000. Sensa ya 1851 ikaonyesha kwamba waishio mijini walikuwa wamewazidi waishio vijijini.

Hapo zingatieni mwendo wa sheria. Kwa karne nyingi Bunge lilikuwa limepanga mishahara ili isipande. Wafumaji wa pamba wa mkono, ambao mishahara yao ilikuwa ikianguka vibaya, walipoliomba mwaka 1808 liweke kiwango cha chini, muswada ukakataliwa kwa hoja kwamba dola haipaswi kuingilia bei ya kazi. Mwaka 1813 vifungu vya mishahara vya sheria ya 1563 vikafutwa. Kifungo cha aliyeacha kazi hakikufutwa. Mwaka 1823 kilitungiwa sheria mpya, ikampa hakimu mmoja uwezo wa kumpeleka mfanyakazi kwenye kazi ngumu kwa hadi miezi mitatu kwa kuacha kazi, kutofika kazini au utovu wa nidhamu. Mwajiri aliyevunja mkataba alidaiwa fedha tu. Mwajiri aliruhusiwa kutoa ushahidi katika kesi aliyoifungua. Mfanyakazi, kwa kuwa ni mshtakiwa, hakuruhusiwa kujisemea kama shahidi.

Haikuwa sheria ya kabatini. Kati ya 1858 na 1875, mashtaka ya namna hiyo England na Wales yalikuwa takribani 10,000 kila mwaka. Mengi yalitoka kwenye migodi ya makaa, viwanda vya chuma na vya vyungu, hasa biashara ilipokuwa nzuri na mfanyakazi angepata pesa zaidi mtaa wa pili. Wachimbaji wa Durham walisaini dhamana, yaani mkataba wa kazi, ya mwaka mmoja hadi 1872. Wala kifungo hakikumaliza deni: katika kesi ya Unwin dhidi ya Clarke ya mwaka 1866, majaji waliamua kwamba aliyekwisha kufungwa bado amefungwa na mkataba, na akikataa kurudi kwa bwana yule yule anaweza kufungwa tena.

Vijijini hali ilikuwa mbaya zaidi. Mwaka 1830 vibarua wa kusini walivunja mashine za kupura nafaka zilizowanyima kazi ya msimu wa baridi. 19 walinyongwa na wapatao 500 wakapelekwa Australia. Mwaka 1834 watu sita wa Tolpuddle, Dorset, ambao mshahara wao ulikuwa umeshushwa kutoka shilingi 9 kwa wiki hadi 7 na kutishiwa 6, walihukumiwa uhamisho wa miaka saba kwa kosa la kula kiapo cha chama.

Bandiko la 8: Mchangiaji

Nini hasa kiliiondoa sheria hiyo, mkuu? Huruma ya wakubwa au nguvu ya wafanyakazi?

Bandiko la 9: Mleta mada

Kura na vyama, ndugu. Mwaka 1867 wafanyakazi wengi wa mijini walipata haki ya kupiga kura, na mwaka huo huo sheria ya kifungo ikaanza kulegezwa. Mwezi Februari 1872 Joseph Arch, mkata nyua na mhubiri wa Kimethodisti, alisimama chini ya mti huko Wellesbourne, Warwickshire, akawahutubia vibarua waliokuja gizani wakiwa na taa, na baada ya miaka miwili chama cha vibarua wa mashamba kilikuwa na wanachama wapatao 86,000.

Kisa kinachonigusa kuliko vyote ni cha Mei 1873. Wanaume wa Ascott-under-Wychwood, Oxfordshire, walikuwa wamegoma, na mwenye shamba akaleta vijana wa kijiji kingine. Wanawake wakaenda shambani kuwazuia. Mahakimu wawili wa Chipping Norton, wote makasisi, waliwahukumu wanawake 16 kifungo cha siku 7 hadi 10 na kazi ngumu. Wawili wao waliingia gerezani na watoto wa kunyonya. Nchi nzima ilishtuka, na makasisi kukaa katika kiti cha hakimu kukaanza kuonekana aibu.

Mwaka 1875 serikali ya Waziri Mkuu Disraeli, ikijua kura ziko wapi, ilikifuta kifungo karibu katika kazi zote. Hata maneno yalibadilika. Sheria ya zamani ilimwita mmoja bwana na mwingine mtumishi. Mpya iliwaita waajiri na wafanyakazi.

Bandiko la 10: Mchangiaji

Umesema sheria hii ilifika kwetu. Babu yangu upande wa mama alifanya kazi katika shamba la mzungu huko Bonde la Ufa, na alikuwa akisimulia jinsi jirani yake alivyofungwa kwa kuondoka kwenda kumzika baba yake. Nilidhani ilikuwa jeuri ya mzungu yule tu.

Bandiko la 11: Mleta mada

Pole sana kwa historia hiyo ya familia, na asante kwa kuileta. Jeuri huenda ilikuwepo, lakini karatasi pia ilikuwepo.

Mwaka 1906, katika eneo ambalo baadaye liliitwa Kenya, serikali ya kikoloni ilitunga Sheria ya Mabwana na Watumishi, kwa jina lile lile lililoachwa England miaka 31 kabla. Kuacha kazi bila ruhusa kukawa jinai, kwa faini au kifungo. Mwaka huo huo wa 1906 Bunge la London lilipitisha sheria ya kuzilinda fedha za vyama vya wafanyakazi wa Uingereza zisidaiwe na waajiri kwa sababu ya mgomo. Mwaka 1915 ikatungwa sheria ya kuwaandikisha Waafrika, na vita vilipokwisha ikaanza kutekelezwa, mwanamume mzima akitakiwa kubeba kipande chenye alama za vidole vyake na rekodi ya waajiri wake, ili aliyetoroka kazi afuatwe hadi kwao. Tanganyika nayo, baada ya kutoka mikononi mwa Wajerumani, ilipata sheria yake ya mabwana na watumishi mwaka 1923.

Shirika la Kazi Duniani lilipitisha mkataba kuhusu adhabu za jinai kwa wafanyakazi wenyeji wa makoloni mwaka 1939, ukitaka ziondolewe hatua kwa hatua, na mwaka 1955 likapitisha mwingine uliotaka zikomeshwe. Kati ya sheria ya Disraeli na mkataba huo wa pili ilipita miaka 80. Kama babu alitaja mwaka ambao jirani yake alifungwa, naomba utuandikie hapa, tujue ni kifungu kipi kilichotumika.